Simbu kashinda Tokyo, na mtoto wako amekimbia leo?

Septemba 15, 2025, saa 7:30 usiku kwa saa za Tanzania, Alphonce Simbu alianza marathoni ya ubingwa wa dunia jijini Tokyo. Alimaliza kwa saa 2, dakika 9 na sekunde 48, akimzidi Mjerumani Amanal Petros kwa sekunde 0.03 tu, na kuipa Tanzania dhahabu yake ya kwanza katika mashindano hayo.

Usiku ule watoto wengi wa Kilole, Korogwe, walikuwa wamelala. Lakini video ya mita za mwisho bado ipo kwenye simu za wazazi, na mtoto akiiona hatosheki na mara moja. Hapo mzazi awe makini: kutazama mbio hakumjengi mtoto moyo wala misuli.

Shirika la Afya Duniani (WHO) linashauri mtoto wa miaka 5 hadi 17 apate wastani wa dakika 60 za mazoezi kila siku. Viatu vya gharama si lazima. Rede, kuruka kamba, kukimbizana uwanjani, vyote vinahesabika.

Basi mzazi, mwonyeshe video, weka simu pembeni, kisha mtoke nje pamoja. Na mashindano yakirushwa usiku wa manane, mwache alale. Marudio atayaona asubuhi.