Sufule ya boga na fromaji: namna ya kuipika ku mbabula bila ianguke

Katika miji ya mashariki mwa Congo, watu waliosikia jina la sufule ni wengi kuliko waliokwisha kuionja. Wafaransa wanaandika soufflé, na jina hilo peke yake linafanya mtu afikiri hoteli kubwa, kitambaa cheupe mezani na mpishi mwenye kofia ndefu. Lakini ukiangalia vitu vinavyoingia ndani, unakuta ni vya soko la kila siku: boga, kitunguu, mayai, maziwa kidogo, unga wa ngano na fromaji. Kitu kinachokosekana mu nyumba nyingi ni four, na hiyo pia iko na dawa yake.

Neno lenyewe linatoka ku kitenzi cha Kifaransa chenye maana ya kupuliza. Wapishi wa Ufaransa walianza kuandika juu ya chakula hiki katika karne ya 18, na Vincent La Chapelle ni mmoja wa wanaotajwa kwanza. Nyuma yake Antonin Carême, aliyekufa mwaka 1833, aliifanya kuwa chakula cha sifa mezani mwa matajiri. Historia inatosha hapo, sababu shida ya mama wa Kadutu ao wa Katindo ni ingine: sufule inajulikana kwa kuanguka. Mtu anavunja mayai manne, anachoma makala saa nzima, kiisha anatoa kitu kilicholala chini ya sahani sawa vile chapati nzito. Mu nyumba ambamo franga zinahesabiwa, mayai manne si mchezo. Kwa hiyo ni vizuri kuelewa kwanza kinachoipandisha, ndipo kuwasha moto.

Weupe wa yai ni maji karibu 90 kwa mia. Sehemu kubwa ya kinachobaki ni protini. Ukiupiga kwa nguvu, zile protini zinajifungua na kushikamana upya, zikizunguka hewa uliyoingiza. Hilo ndilo povu. Ndani ya moto, hewa iliyofungwa inapanuka, maji yanageuka mvuke na kusukuma, sufule inapanda. Wakati uleule joto linakausha protini na kuzifanya ngumu kidogo, zinashika umbo. Ikitoka ku moto, hewa inapoa na kupunguka, na sufule inashuka. Kushuka kidogo baada ya dakika chache ni tabia yake, hata kwa mpishi wa Paris. Ile inayoshuka yote kwa mara moja ni ile ambayo haikuiva katikati, ao ambayo povu yake ilikuwa dhaifu tangu mwanzo.

Adui mkubwa wa povu ni mafuta. Tone moja la kiini likiingia mu weupe, unaweza kupiga mpaka mkono uchoke na povu haitasimama vizuri. Sahani ya plastiki pia inadanganya, sababu inabaki na mafuta hata kama imeoshwa. Afazali bakuli ya inox ao ya kioo, ioshwe na kukaushwa, kiisha ipanguswe na kipande cha ndimu. Ile asidi ya ndimu inasaidia povu kushikamana. Ni vizuri pia kuvunja kila yai juu ya kikombe pembeni kabla ya kulimwanga pamoja na mengine: moja lililooza haliharibu yote.

Kuna jambo moja ambalo vitabu vya mapishi vya Ulaya havisemi, nalo linagusa wakaaji wa huku. Ziwa Kivu liko karibu mita 1460 juu ya bahari, na mitaa mingi ya Bukavu na Goma iko juu zaidi ya hapo. Hewa ya huku ni nyepesi, maji yanachemka karibu digrii 95 badala ya 100. Kwa sufule, hiyo ina maana kwamba hewa iliyo ndani ya povu inapanuka upesi na kwa wingi, inaweza kupasua povu kabla yai halijaiva. Kwa hiyo mtu wa Bukavu, Goma ao Butembo asipige weupe mpaka ukauke na kukatika vipande. Aache pale ambapo ukiinua uma, povu inasimama na ncha yake inainama kidogo. Mtu wa Uvira ao wa Kalemie, kando ya Tanganyika ambayo iko karibu mita 770 tu, anaweza kupiga zaidi kidogo bila hofu.

Sasa boga. Lile lenye nyama ya rangi ya machungwa njo zuri zaidi, sababu liko tamu lenyewe na rangi ile ni alama ya kitu ambacho mwili unageuza kuwa vitamini A, yenye kulinda macho ya watoto. Vitamini hiyo inahitaji mafuta kidogo ili mwili uipokee, na ndani ya sufule mafuta yako. Kwa watu wane, ukate boga la kutosha kupata karibu gramu 300 likiwa limepondwa, ni kusema bakuli ndogo moja. Ulipike na maji kidogo sana ao kwa mvuke, umwage maji, ulirudishe ku moto likiwa peke yake na kulikoroga mpaka liache kutoa mvuke mwingi. Hapa njo wengi wanaharibu. Boga lenye maji ni zito, na povu haiwezi kubeba maji.

Pembeni, kitunguu kimoja kikubwa kikatwe kidogo kidogo na kupikwa ku moto mdogo mpaka kiwe na rangi ya kahawia. Kusiwe na haraka. Kitunguu kilichopikwa polepole kinakuwa kitamu karibu sawa na sukari, na ndicho kinachounganisha utamu wa boga na chumvi ya fromaji. Mtu akikichoma upesi kitaleta uchungu, na chakula chote kitakuwa na uchungu huo.

Kiisha mu sufuria ndogo unayeyusha vijiko viwili vya siagi ao margarini, unatia vijiko vitatu vya unga wa ngano, unakoroga dakika mbili ili ladha ya unga mbichi itoke. Unamwaga glasi moja ya maziwa kidogo kidogo, huku unakoroga, mpaka iwe nzito sawa na uji wa mtoto. Maziwa ya unga yaliyochanganywa na maji yanafaa pia. Unatoa ku moto, unaingiza boga, kitunguu, chumvi, pilipili ya unga, muskade kidogo kama iko, na kijiko kidogo kimoja cha sukari. Ikipoa kidogo, viini vinne vinaingia kimoja kimoja. Ikiwa bado ya moto sana, viini vitaiva na kufanya mabonge.

Kwa fromaji, ile ya Masisi haina mpinzani: ni ngumu kiasi, inakunika vizuri na iko na chumvi yake. Konzi moja iliyokunwa inatosha. Vita imesumbua sana wafugaji wa kule, na siku zingine bei inapanda ao fromaji inakosekana kabisa. Ikikosekana, usiweke kitu ingine kwa nguvu. Ongeza kitunguu na chumvi, utapata chakula kizuri ingawa si kilekile.

Weupe unapigwa mwisho, wakati moto uko tayari, si mbele. Makanya mawili, ni kusema uma mbili zilizoshikwa pamoja, yanafanya kazi kama hakuna mashini, lakini watu wawili wapokezane, sababu inaomba dakika kumi na zaidi. Sehemu moja ya povu inaingizwa kwanza mu boga na kukorogwa bila woga, ili mchanganyiko ulainike. Ile inayobaki inaingizwa taratibu na kijiko kikubwa, ukitoka chini kwenda juu, ukigeuza bakuli. Mistari michache myeupe ikibaki si kitu. Anayekoroga mpaka yote ifanane ameshatoa hewa yake.

Chombo cha kupikia kipakwe siagi ndani na kunyunyiziwa unga ao mkate mukavu uliosagwa. Kijazwe robo tatu tu. Kwa mara ya kwanza, vikombe vya chuma ni salama kuliko sahani kubwa: vinaiva katikati upesi, na kimoja kikianguka vingine vinabaki.

Four ya mbabula inajulikana na wamama wenye kuuza keki. Sufuria kubwa nzito inawekwa mchanga mukavu wa vidole viwili chini, juu ya mchanga mawe matatu madogo, inafunikwa na mufuniko wa chuma na kuachwa ipate moto dakika 20. Kujua kama joto liko sawa, weka kipande cha karatasi nyeupe ndani: kikigeuka kahawia kidogo baada ya dakika tano ni vizuri, kikiwa cheusi punguza makala. Kwa keki, wengi wanaweka makala mengi juu ya mufuniko tangu mwanzo. Kwa sufule hiyo ni kosa. Moto wa juu unafunga uso wake upesi, na uso ukikauka sufule haipandi tena. Moto uwe chini kwanza, na makala machache yawekwe juu wakati wa robo saa ya mwisho ili ipate rangi. Vikombe vinaomba dakika 15 mpaka 20, sahani kubwa 35 mpaka 40. Usifunue mbele ya theluthi mbili za muda kupita. Hata mtoto akilia kwamba anataka kuona.

Na mbabula hiyo iwe inje, ao chini ya kibanda chenye kupitisha hewa. Makala yanayowaka yanatoa gazi ambayo haina harufu wala rangi, na kazi ya saa nzima ndani ya chumba kilichofungwa juu ya mvua ao baridi inaweza kuua familia nzima wakiwa wamelala. Kuacha mulango nusu wazi haitoshi. Mvua ikinyesha na hakuna kibanda, siku hiyo pika boga la kawaida. Wenye umeme wa kutosha wanaweza kutumia four ya umeme kwa digrii 180, lakini ukikatika katikati hakuna namna ya kuiokoa. Ni vizuri kuwa na makala pembeni.

Imeiva wakati imepanda, uso uko kahawia, na ukiigusa inatetemeka kidogo tu. Wafaransa wanapenda katikati yake ikiwa laini karibu kama krimu. Kwa watoto, wamama wajawazito na wazee, afazali iive mpaka katikati, hata kama itakuwa kavu kidogo, sababu yai bichi linaweza kubeba vijidudu vyenye kuleta ugonjwa wa tumbo. Ukiingiza kisu kiwe kinatoka bila majimaji.

Wenye kula wakae mezani mbele sufule haijatoka. Inaliwa palepale, na lengalenga iliyokaangwa ao saladi ya nyanya.

Lengalenga yenyewe inaweza kuchukua nafasi ya boga, kama imechemshwa, ikakamuliwa kwa mikono miwili mpaka maji yote yatoke, na kukatwa kidogo sana. Hapo sukari haiingii, fromaji inaongezeka. Sombe haifai: ni nzito, na mafuta ya mawese yanayopikwa nayo yanaua povu. Viazi vitamu vya rangi ya machungwa vinafaa kabisa, tena vina maji kidogo kuliko boga. Kwa ile ya sukari peke yake, yenye watoto wanapenda, unaacha kitunguu, fromaji na pilipili, unatia vijiko vitatu vya sukari na maganda ya ndimu yaliyokunwa. Sukari nusu inapigwa pamoja na weupe, ikiingia kidogo kidogo baada ya povu kuanza.

Iliyobaki haitapanda tena vizuri sawa na mara ya kwanza. Ikihifadhiwa baridi, kesho asubuhi inakatwa vipande na kukaangwa pande zote mbili mu mafuta kidogo, inaliwa na chai. Kama hakuna frigo, imalizike siku ileile.