Goti la Mchezaji wa Gungu: Shilingi Ianzie Wapi

Mchezaji akigeuka na mpira, akaanguka bila kuguswa na mtu, kisha akasema amesikia kitu kimelia ndani ya goti, ushauri huanza kumiminika kabla hajatolewa nje ya uwanja. Huyu anataka maji ya moto na mawese. Yule anamjua mzee wa kukanda kule Ujiji. Wa tatu anasema asicheleweshwe, apandishwe gari kesho aende Dar. Kila ushauri una gharama yake, na kwa kijana wa Gungu, hapa Kigoma, anayecheza ndondo gharama hiyo huangukia nyumbani kwao. Aliyemwita kucheza alimlipa nauli na soda, basi.

Nimeona familia ikiuza mali kulipia kipimo ambacho hakikuhitajika wiki ile, na nimeona vijana wazuri wakipotea moja kwa moja kwa sababu hakuna aliyetoa pesa kidogo mwanzoni. Makosa yote mawili yanatoka mahali pamoja: watu hununua tiba kabla ya kununua jibu la swali la kwanza, yaani ni kitu gani kilichoumia.

Siku mbili tatu za mwanzo hazihitaji pesa nyingi. Barafu inayotunza migebuka inatosha, ikifungwa ndani ya kitambaa na kuwekwa gotini kwa dakika kumi na tano hadi ishirini, mara kadhaa kwa siku. Bandeji ya kuvutika, mguu uinuliwe juu ya mto, na magongo ya kuazima. Kukanda kwa nguvu na maji ya moto katika siku hizo huongeza uvimbe, maana damu bado inavuja ndani. Simdharau mzee wa kukanda. Msuli uliokaza baada ya mechi huufungua vizuri, na klabu kubwa zote zina mchua misuli. Lakini goti lililojaa ndani ya saa chache si kazi yake. Kama unyayo umekuwa baridi au umekufa ganzi, au mguu umepinda, au hauwezi kukanyagia hatua nne, basi aende Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Maweni siku hiyo hiyo, hata kama ni usiku.

Maweni ndipo shilingi ya kwanza kubwa inapopaswa kwenda, na hapa bima inaleta tofauti. CHF (Mfuko wa Afya ya Jamii) iliyoboreshwa, iliyoanza 2018, iliitoza kaya ya watu sita nje ya Dar es Salaam shilingi 30,000 kwa mwaka, na huduma zake ziliishia hospitali ya rufaa ya mkoa. Vifurushi binafsi ambavyo Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, NHIF, ulivitangaza Novemba 2019 vilianzia shilingi 192,000 kwa mtu mmoja kwa mwaka. Ukiviweka viwili hivyo pamoja, cha kwanza kilionekana cha bure, ila kilikuacha kwenye geti la Maweni siku daktari alipoandika rufaa. Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote Novemba 2023 na mipango hii inabadilika, kwa hiyo uliza kwenye zahanati ya kata ni kifurushi gani kinauzwa sasa, kisha uliza swali la pili ambalo wengi hulisahau: kinafika hospitali ipi? Na uliza kabla ya msimu kuanza. Bima haikatwi goti likiwa limeshavimba.

Ukifika, eksirei itaonyesha mfupa tu. Haionyeshi kano wala meniskasi, ile gegedu inayokaa katikati ya goti kama kiegemeo. Ndiyo maana vijana wengi hurudi nyumbani na picha safi mkononi wakiamini wamepona. Mwombe daktari au mtaalamu wa fiziotherapia alipime goti kwa mikono, akivuta mfupa wa chini kwenda mbele goti likiwa limekunjwa kidogo. Mikono iliyozoea hugundua kano ya mbele iliyokatika, ile ambayo wachezaji huiita ACL, mara nyingi bila mashine yoyote. Siku ya kwanza goti limejaa na mgonjwa amekaza misuli kwa maumivu, hivyo kipimo hicho kinaweza kudanganya. Arudi baada ya wiki moja au mbili. Marudio hayo ni rahisi kuliko kipimo cha MRI, na mara nyingi ndiyo yanayoamua kama MRI inahitajika.

Sasa Dar. Kutoka Kigoma ni zaidi ya kilomita 1,200 kwa reli, na goti bovu halisafiri peke yake. Hesabu nauli ya watu wawili, kwenda na kurudi, chakula cha njiani, mahali pa kulala kama hamna ndugu huko, na siku ambazo msindikizaji hatafungua kibanda chake sokoni. Mara nyingi upasuaji wenyewe si sehemu pekee inayouma, maana MOI, taasisi ya mifupa pale Muhimbili, hawamalizi kazi siku moja: kuna siku ya kumwona daktari, ya kipimo, ya kusubiri zamu, na kliniki za kurudi. Anayekwenda bila karatasi ya rufaa na bila majibu ya Maweni hulipia mara mbili vitu alivyoweza kuvimaliza nyumbani.

Je, ni lazima apasuliwe? Hapa ndipo pesa nyingi hupotea au kuokolewa. Watafiti wa Sweden walichapisha mwaka 2010 matokeo ya watu wazima vijana 121 waliokatika kano ya mbele. Nusu walifanyiwa upasuaji mapema na mazoezi tiba, nusu walianza na mazoezi tiba tu, wakiruhusiwa kufanyiwa upasuaji baadaye goti likikataa. Baada ya miaka miwili hali za magoti ya makundi hayo zilikaribiana, na katika kundi la pili karibu wanne kati ya kumi ndio waliokuwa wameshapasuliwa. Hiyo haimaanishi kwamba upasuaji hauna faida. Goti lililojifunga, lisilonyooka kabisa, linamhitaji daktari wa upasuaji mapema. Anayetaka kurudi kwenye mpira wa kukata kona na kugongana, huku goti likimtoka hata akitembea, anauhitaji pia. Lakini kwa fundi, mwalimu au mwendesha bodaboda anayecheza Jumapili, mimi ningeanza na miezi mitatu ya mazoezi tiba yaliyosimamiwa, bila kugusa mpira, kabla ya kukata tiketi ya Dar.

Mazoezi tiba ndiyo yanayosahaulika katika kila bajeti niliyowahi kuonyeshwa. Familia huchangishana kwa ajili ya upasuaji, halafu pesa ya wiki zinazofuata haipo. Goti linarudi Kigoma limeshonwa vizuri, na paja linakonda. Utafiti wa Norway na Marekani uliochapishwa 2016 ulionyesha kwamba kila mwezi ambao mchezaji alichelewa kurudi uwanjani, hadi miezi tisa baada ya upasuaji, ulipunguza kwa takriban nusu kasi ya kuumia tena. Miezi tisa ni karibu msimu mzima wa Ligi Kuu wenye mechi 30. Ni mirefu, inachosha, na mchangishaji hawezi kumwonyesha mtu kitu alichokinunua. Hata hivyo, kama nina uwezo wa kulipia kitu kimoja tu kati ya MRI ya mapema na miezi hiyo ya fiziotherapia, nachagua fiziotherapia.

Wenye pesa nao hulipa kwa mechi wanazokosa. Rob Gronkowski alicheza nafasi iitwayo tight end katika mpira wa Kimarekani, mtu anayezuia kama beki na kudaka kama mshambuliaji. Mgongo ulimkosesha msimu mzima wa chuo mwaka 2009, na 2010 timu zikampita hadi akachaguliwa wa 42. Novemba 2012 alivunjika mkono, akarudi, na mkono ule ule ukavunjika tena Januari 2013. Kati ya mechi 16 za msimu wa 2013 alicheza saba, kisha Desemba kano ya goti ikakatika. Hakukimbizwa chumba cha upasuaji usiku ule. Alipasuliwa Januari 2014, na msimu uliofuata alicheza mechi 15 na kutwaa ubingwa.

Kwetu, Yacouba Songne wa Yanga aliumia goti Novemba 2021 akapelekwa Tunisia kwa upasuaji, na msimu ule, ambao Yanga ilimaliza ligi bila kufungwa, ulimpita. Aishi Manula wa Simba alipasuliwa Afrika Kusini mwaka 2023. Alipokuwa nje, Ally Salim aliokoa penalti tatu za Yanga katika Ngao ya Jamii kule Tanga mwezi Agosti. Manula alirejea langoni Novemba 5, dhidi ya Yanga ile ile, Simba ikafungwa 5-1. Nafasi kikosini haimsubiri majeruhi, na hofu hiyo ndiyo inayowafanya vijana wafiche maumivu. Wao wawili walau walikuwa na klabu ya kulipa hospitali.

Kitu rahisi kuliko vyote nilivyotaja hakiuzwi. FIFA 11+ ni mpango wa kupasha mwili joto wa dakika 20: kukimbia, kujenga misuli ya paja na kiuno, kuruka na kutua goti likiwa kwenye mstari mmoja na vidole vya mguu. Katika majaribio ya timu za vijana wa kiume Lagos yaliyochapishwa 2014, waliotumia mpango huo waliumia pungufu kwa asilimia 41. Kocha wa timu ya mtaa anahitaji koni chache tu na msimamo wa kutowaruhusu wachezaji waruke mazoezi hayo kwa kuwa wamechelewa.

Na kwa kijana anayeitwa kusaini mkataba, iwe ni na Mashujaa iliyopanda Ligi Kuu msimu wa 2023/24 au klabu ya daraja la chini: ada ya usajili isikuzuie kuuliza. Je, klabu inanichangia Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF? Nani atalipia upasuaji, na nani atalipia fiziotherapia baada yake? Mshahara unaendelea kwa miezi mingapi nikiwa nje? Shomari Kapombe wa Simba aliumia Novemba 2018 kambini na Taifa Stars Afrika Kusini. Mpango wa FIFA kwa majeraha ya namna hiyo huifidia klabu mshahara wa mchezaji akikosekana zaidi ya siku 28, na hauhusu bili ya hospitali. Swali la mwisho ndilo gumu kuliuliza ukiwa na kalamu mkononi: mkataba ukiisha na goti halijapona, bili ni ya nani? Jibu liandikwe ndani ya mkataba, na nakala moja ibaki nyumbani Gungu pamoja na karatasi zote za Maweni.