Rimu ikiingia kwenye boliti, bado haijakaa

KATIKA mji mdogo wa Mbalizi, nje kidogo ya Jiji la Mbeya, gari dogo lililotumika kutoka Japani limekuwa chombo cha kazi kama jembe na baiskeli. IST, Vitz, Starlet au Corolla ile ile inayopeleka abiria Uwanja wa Ndege wa Songwe asubuhi, jioni huonekana ikirudi kutoka Umalila, viti vya nyuma vimekunjwa na viazi vimefika darini.

Kazi hiyo ina gharama yake, na sehemu kubwa ya gharama huanzia chini. Barabara kuu ya kwenda Tunduma ni ya lami, lakini ukiiacha kuelekea mashambani unakutana na mawe, makorongo ya mvua na mashimo. Shimo moja likigongwa kwa mwendo, gari likiwa na mzigo, linatosha kupinda rimu, au ringi kama wengine wanavyoiita.

Hapo mwenye gari huenda kwa muuza vipuri. Anahesabu matundu ya rimu iliyotundikwa ukutani, anaona ni manne kama ya gari lake, anapatana bei na kuondoka. Rimu imeingia kwenye boliti, nati zimekaza, gari linatembea. Kwa macho, kazi imekwisha.

Lakini kuingia si kukaa. Rimu inaweza kuingia kwenye boliti zote nne na bado ikala beringi, ikatikisa usukani, ikakwangua madigadi gari linapopakia, au nati zake zikawa zinalegea kidogo kidogo. Na anayetoka Mbeya huingia Mbalizi kwa kushuka mteremko wa Iwambi, katikati ya malori yanayokwenda Zambia na Kongo. Hapo si mahali pa kugundua kwamba gurudumu limeanza kucheza.

Tuanze na hayo matundu. Fundi akisema 4x100 ana maana kwamba matundu ni manne, na duara linalopita katikati yake lina kipenyo cha milimita 100. Toyota nyingi ndogo zenye nati nne hutumia kipimo hicho, na ndivyo ilivyo kwa Honda Fit na Nissan March. Ndiyo maana rimu za magari haya hubadilishana kirahisi sokoni, na ndiyo maana pia watu hukosea.

Jina la gari peke yake halitoshi. IST ya kwanza, iliyotengenezwa kuanzia 2002 hadi 2007, ina nati nne. IST iliyoifuata, ya 2007 hadi 2016, ina nati tano na kipimo cha 5x100. Anayemwagiza dereva wa basi amletee "rimu ya IST" kutoka Dar es Salaam bila kusema ni ya mwaka gani anajitafutia hasara ya nauli mara mbili.

Kwenye nati tano kuna mtego mwingine. Premio na Allion za 2001 hadi 2007 ni 5x100, wakati Noah na RAV4 ni 5x114.3. Tofauti hiyo ni kubwa, rimu itakataa yenyewe. Hatari ipo kwenye vipimo vinavyokaribiana: rimu ya gari la Ulaya yenye 5x112 inaweza kulazimishwa kwenye Noah kwa spana ndefu. Imeingia, naam, lakini boliti zote zimevutwa upande, na boliti iliyovutwa upande hukatika siku isiyotarajiwa.

Kupima hakuhitaji mtambo. Kwa rimu ya matundu manne, weka rula ya chuma kutoka katikati ya tundu moja hadi katikati ya tundu linalolikabili. Kwa matundu matano, pima kutoka katikati ya tundu moja hadi la jirani yake. Ukipata karibu milimita 59, hiyo ni 5x100. Ukipata milimita 67 na kidogo, ni 5x114.3. Ukipata karibu 66, iache hapo hapo ukutani.

Sasa tundu kubwa la katikati, ambalo wanunuzi wengi hawaliangalii kabisa. Tundu hilo ndilo linalokaa juu ya shingo ya habu na kuifanya rimu izunguke sawasawa. Shingo ya Toyota ndogo ni milimita 54.1, ya Honda Fit ni 56.1, na ya Nissan nyingi ndogo ni kama milimita 60.

Hesabu yake ni rahisi. Ukichukua rimu ya Honda Fit ukaifunga kwenye Vitz, inabaki nafasi ya milimita moja kila upande. Ukichukua ya Nissan, nafasi ni karibu milimita tatu kila upande. Nati zikikazwa vizuri huivuta rimu katikati, lakini fundi akianza kukaza nati moja hadi mwisho kabla ya kugusa nyingine, rimu hukaa kombo. Matokeo yake ni usukani unaotetemeka ukifika mwendo wa 80, na mwenye gari huenda kubadilisha shokabu ambazo hazina kosa lolote.

Dawa ya nafasi hiyo ni pete ya plastiki ngumu au ya aluminiamu inayojaza kati ya habu na rimu. Ni kitu kidogo, na kwa mwenye rimu yenye tundu kubwa ndicho kitu cha kuulizia kabla ya kingine chochote. Kinyume chake hakina dawa nzuri: rimu ya Toyota haiingii kwenye Honda kwa sababu tundu lake ni dogo kuliko shingo. Wapo wanaoipeleka ikachongwe. Ikichongwa kwa mashine na mtu anayejua kazi yake, huenda ikafaa. Ikichongwa kwa jiwe la kunolea pembeni mwa barabara, haitakuwa duara tena.

Nati nazo zina tabia zake. Boliti za Toyota, Honda na Mazda nyingi ndogo zina unene wa milimita 12 na hatua ya uzi ya 1.5. Nissan, Suzuki na Subaru ni milimita 12 vile vile, ila uzi wake ni wa karibu zaidi, hatua ya 1.25. Nati ya Nissan huanza kuingia kwenye boliti ya Toyota, inazunguka mara moja au mbili, kisha inagoma. Fundi mwenye haraka huisukuma kwa spana na kuua uzi wote. Nati sahihi huzungushwa kwa vidole mara saba au nane kabla ya spana kuguswa.

Angalia pia mdomo wa nati. Rimu ya chuma huhitaji nati yenye umbo la pia, inayojibana ndani ya tundu na kuiweka rimu katikati. Baadhi ya rimu za aluminiamu zilizotoka na gari kutoka kiwanda cha Toyota hutumia nati yenye shingo ndefu na washa bapa. Honda za kiwandani hutumia mdomo wa mviringo kama gololi. Mtu anayeondoa rimu za spoti na kurudisha za chuma, kisha akatumia nati zile zile za washa bapa, amefunga gurudumu lisiloshikwa na kitu chochote isipokuwa bahati.

Katika kukaza, Toyota huelekeza nguvu ya nyutonimita 103 kwa magari yake mengi madogo. Kwa lugha ya gereji, hiyo ni kama kuning'iniza kilo 21 kwenye ncha ya spana yenye urefu wa nusu mita. Kijana anayepanda juu ya spana kwa miguu yote miwili anavuka kiwango hicho mara mbili au tatu, na ndipo boliti zinapoanza kuchoka. Nati zikazwe kwa kukatisha, ya juu kisha ya chini, na zirudiwe baada ya kilomita 50 hadi 100. Kwa anayekwenda Tunduma, Vwawa ni mahali pazuri pa kusimama.

Kipimo kinachoumiza mfuko polepole kuliko vyote ni kile kinachoandikwa ET mgongoni mwa rimu. Namba hiyo, kwa milimita, inaonyesha umbali kati ya mstari wa katikati ya upana wa rimu na mahali rimu inapogusana na habu. ET ikipungua, gurudumu linatoka nje ya gari. Ikizidi, linaingia ndani kuelekea shokabu na breki.

Chukua gari lenye rimu ya upana wa inchi 5½ na ET 45, kisha ulifunge rimu ya spoti ya inchi 6½ yenye ET 25. Ukingo wa nje unasogea milimita 20 kwa sababu ya ET, na milimita karibu 13 kwa sababu ya upana. Jumla ni sentimita tatu na ushee. Gari linapendeza likiwa tupu mbele ya nyumba. Likipakia magunia matatu ya viazi, madigadi inashuka juu ya tairi na kuanza kulinyoa. Beringi nayo inabebeshwa mzigo kwa mkono mrefu kuliko iliotengenezewa, kama mtu anayebeba ndoo kwa mkono ulionyooshwa badala ya kuiweka karibu na kiuno. Wanaoweka spesa kati ya habu na rimu wanafanya jambo hilo hilo kwa njia nyingine.

Baadhi ya wenye IST hutafuta gari liinuke ili lipite kwenye makorongo, wakafunga matairi ya 195/65R15 mahali pa 175/65R14. Tairi la kwanza lina kimo cha milimita 634, la pili milimita 583. Gari linainuka sentimita mbili na nusu, hilo ni kweli. Lakini spidi ya 50 inayosomeka kwenye dashibodi sasa ni zaidi ya 54 barabarani, na tochi ya trafiki haisomi dashibodi. Injini ndogo nayo hupanda milima ya Umalila ikiwa imebeba gia ndefu kuliko ilivyopangiwa. Anayelazimika kutumia rimu ya inchi 15 atapata kimo kile kile kwa tairi la 185/55R15, ambalo ni milimita 584 na nusu, ila ajue kwamba ubavu wa tairi umepungua kutoka milimita 114 hadi 102. Kwenye mawe, ubavu ndio mto wa rimu.

Kwa sababu hiyo, mtu wa mzigo na barabara za vumbi hana sababu kubwa ya kuihama rimu ya chuma ya inchi 13 au 14 iliyokuja na gari. Chuma kikipinda ukingo, fundi hukigonga kikarudi na tairi likashika upepo. Aluminiamu hupasuka, na ufa uliochomelewa hurudi kufunguka. Anayezipenda za aluminiamu atafute alama ya JWL iliyotoka na rimu yenyewe kiwandani, isiwe stika, kwa kuwa hiyo ndiyo alama ya kiwango cha Japani cha rimu hizo. Rimu ya mtumba, ya aina yoyote, izungushwe kwenye mashine ya balansi kabla ya fedha kutoka mfukoni. Muuzaji anayekataa hilo amekwisha kujibu swali.

Vipimo vya gari havihitaji kukisiwa. Fungua mlango wa dereva na utazame nguzo yake: kuna kibandiko chenye kipimo cha tairi na upepo. Maandishi ni ya Kijapani lakini namba zinasomeka. Upepo umeandikwa kwa kilopaskali, na 220 ni sawa na 32 za geji ya mtaani. Rimu yenyewe huwa na upana wake, kwa mfano 14x5½J, na mara nyingi ET pia.

Ukinunua rimu ikiwa na tairi lake la mtumba, soma neno STUDLESS ubavuni. Hilo ni tairi la theluji, mpira wake ni laini na huisha haraka kwenye lami ya moto. Namba nne za mwisho za mstari wa DOT ni wiki na mwaka: 2319 ni wiki ya 23 ya mwaka 2019.

Kisha kuna tairi la akiba, ambalo hukumbukwa usiku, mvua ikinyesha. Katika gari lenye rimu za spoti, la akiba mara nyingi bado ni la chuma. Nati nne za zamani zenye umbo la pia ziwekwe kwenye mfuko mdogo pamoja na jeki, na gurudumu hilo la akiba lijaribiwe kufungwa siku ile ile rimu mpya zinapofungwa, kungali mchana na fundi angalipo.