KONGO: BETRI ZASHUKA BEI, KWA JASHO LA NANI?



Mtu wa mkonge hahitaji kusimuliwa yanayotokea zao linapopata mpinzani. Mwaka 1964 mashamba ya Tanganyika yalitoa zaidi ya tani 200,000 za mkonge. Kisha kamba za plastiki zikajaa sokoni, bei ikaanguka, na mashamba mengi yakafungwa. Leo jirani zetu wa Kolwezi, nchini Kongo, wanatazamana na hali ya namna hiyo. Zao lao ni kobalti.

Kobalti ni madini yanayotiwa katika betri nyingi za lithiamu, zile za simu na za magari ya umeme. Zaidi ya nusu ya kobalti ya dunia nzima huchimbwa Kongo. Betri hizo zilianza kuuzwa mwaka 1991. Kati ya 2010 na 2020 bei ya betri za magari ilishuka kwa zaidi ya asilimia 80. Imeshukaje?

Kwanza, kazi ya kiwandani imetengenezwa vizuri zaidi, na betri mbovu zinazotupwa zimepungua. Kwa desturi unga wa madini huchanganywa na dawa ya kuyeyushia mpaka uwe kama uji mzito, hupakwa juu ya karatasi nyembamba ya aluminiamu, kisha hukaushwa katika tanuri refu. Tanuri hilo hula umeme mwingi, na dawa inayotumika sana yaweza kudhuru uzazi. Sasa baadhi ya viwanda vinaanza kupaka unga mkavu, bila dawa wala tanuri hilo. Maendeleo ya namna hii twayaunga mkono, kwani yanamfaa tajiri na mfanyakazi pia.

Pili, mali ghafi imebadilishwa, maana ndiyo inayokula sehemu kubwa ya gharama. Viwanda vingi, hasa vya China, hutengeneza betri za chuma na fosfati zisizo na kobalti hata chembe. Jambo hilo, pamoja na kobalti kuchimbwa kupita mahitaji, liliangusha bei. Februari 2025 serikali ya Kongo ilisimamisha kuuza kobalti nje. Oktoba mwaka huo iliruhusu tena, lakini kwa kiasi maalum.

Bei ikishuka, wa kwanza kuumia ni mchimbaji mdogo anayeingia shimoni na sururu yake, bila mkataba wala kofia ya kinga.

Aprili 2022 Kongo na Zambia zilitia sahihi mapatano ya kushirikiana katika utengenezaji wa betri. Ni jambo jema, kwani anayeuza mawe tu hana sauti sokoni. Lakini viwanda hivyo vikijengwa, chama cha wafanyakazi kiwemo tangu siku ya kwanza.

Nasi huku, tajiri akitangaza kwamba amepunguza gharama, tumwulize: umepunguza wapi? Kwenye umeme na mali inayoharibika, au kwenye mshahara na glavu zetu?