Mtoto Hukua, na Anachokitazama Hubadilika

Mtoto wa miaka mitatu hutaka wimbo uleule urudiwe mara kumi. Akifika darasa la nne, huuliza katuni inaanza saa ngapi. Akiingia kidato cha kwanza, televisheni haimshughulishi tena. Anachokitaka ni simu, tena akiwa peke yake. Mabadiliko hayo ni sehemu ya makuzi. Hatari huanza pale mtoto anapobadilika, lakini uangalizi wa nyumbani ukabaki vilevile.

Zamani, katika jamii ya Wasukuma, burudani ya mtoto ilikuwa na msimamizi. Bibi alitega vitendawili na kusimulia hadithi. Kijana alipokua alihamia shikome, moto wa jioni ambako wazee walifunza. Leo simu moja hubeba yote, ya mtoto na ya mtu mzima, wala haimwulizi aliyeishika ana umri gani.

Umri wa miaka 0 hadi 5

Mtoto wa umri huu hujifunza kwa kuzungumzishwa, kushika vitu na kucheza. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2019 unashauri mtoto aliye chini ya mwaka mmoja asiwekwe mbele ya skrini kabisa, na wa miaka 2 hadi 4 asizidishe saa moja kwa siku. Kipindi cha Kiswahili kilichoandaliwa kwa ajili ya wadogo, kama vile Akili and Me, humfaa zaidi mzazi akikaa naye na kuimba pamoja naye.

Umri wa miaka 6 hadi 12

Hapa mtoto hupenda visa, mashujaa na mpira wa miguu. Vipindi kama Ubongo Kids, vilivyoanza mwaka 2014, hutumia upendo huo kufundisha hisabati na sayansi. Lakini huu pia ndio umri wa kuanza kwenda kwenye vibanda vya video, ambako filamu za watu wazima huweza kuonyeshwa mbele ya watoto. Mzazi anapaswa kujua mtoto anakwenda kibanda gani, kutazama nini, na anarudi saa ngapi.

Umri wa miaka 13 hadi 17

Kijana sasa hufuata marafiki: makundi ya mtandaoni, video fupi na michezo ya simu. Hapo ndipo hukutana na watu wasiojulikana wanaoomba picha, na matangazo ya kubashiri, ingawa sheria hairuhusu aliye chini ya miaka 18 kucheza michezo ya kubahatisha. Kunyang'anya simu kwa hasira humfundisha kuificha. Mtoto anayeogopa kipigo hunyamaza, na ukimya huo ndio silaha ya anayemrubuni. Ni vyema wakubaliane mapema: simu ilale sebuleni usiku, na jambo likimtisha aseme bila kuadhibiwa.

Msaada unapatikana wapi

Kusambaza picha za ngono za mtoto ni kosa chini ya Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Mzazi asifute ujumbe, kwa kuwa huo ni ushahidi; wala asiusambaze kwa majirani, kwani kufanya hivyo humdhuru mtoto mara ya pili. Ajikabidhi kwa Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi, au amwone Afisa Ustawi wa Jamii. Ofisi ya mtaa nayo hupokea taarifa, ikiwemo ya kibanda kinachoonyesha watoto filamu zisizowafaa. Mtoto mwenyewe anaweza kupiga namba 116, Huduma ya Simu kwa Mtoto, bila malipo.

Wazazi na walezi wanakumbushwa kuanza na swali jepesi jioni ya leo: "Umetazama nini?" Kisha wakae wasikilize jibu hadi mwisho.