Mtunzi wa Muziki wa Filamu Apewe Haki Yake

Watengenezaji wa filamu wenye fedha haba aghalabu hulikumbuka suala la muziki mwishoni, mfuko ukiwa mtupu. Hapo huokota wimbo wowote uliokwisha kurekodiwa wakaubandika juu ya picha, na mwenye wimbo asiambulie hata senti. Tunaona kwamba mwenendo huo ni dhuluma kwa msanii na ni hasara kwa filamu yenyewe.

Tuchukue mfano wa Ndugu Abdullah Ibrahim, mpiga piano aliyezaliwa Cape Town mwaka 1934 na kujulikana kwanza kwa jina la Dollar Brand. Mwaka 1962 aliukimbia ubaguzi wa makaburu akaenda Ulaya. Mwaka 1968 alisilimu. Mwaka 1974, akiwa amerudi kwao kwa muda, alirekodi "Mannenberg", muziki ambao wananchi waliufanya wimbo wa mapambano. Baada ya mauaji ya Soweto ya mwaka 1976 alirejea uhamishoni.

Akiwa huko uhamishoni, alifanya kazi na watengenezaji wa filamu wasiotegemea makampuni makubwa ya Marekani. Mwaka 1988 ilitoka "Chocolat", filamu ya kwanza ndefu ya Claire Denis wa Ufaransa, inayosimulia maisha ya Kameruni wakati wa ukoloni. Muziki wake ni wa Ndugu Ibrahim. Mwaka 1990 ikafuata "Tilaï" ya Idrissa Ouédraogo wa Burkina Faso, kisa cha kijana anayerudi kijijini na kumkuta baba yake amemwoa mchumba wake. Filamu hiyo ilipata tuzo kubwa huko Cannes mwaka huo huo, na mwaka 1991 ikapata tuzo ya juu kabisa ya tamasha la Ouagadougou.

Muziki wa mtunzi huyu haumpigii mtazamaji kelele. Husema kidogo, kisha hukaa kimya ili hadithi nayo iseme. Kipimo hicho hakipatikani kwa kuokota wimbo wa mtu.

Hapa kwetu wapiga zeze, marimba na udi hawakosekani. Kinachotakiwa ni mtunzi kukabidhiwa hadithi mapema, jina lake kuonyeshwa, na ujira wake kuandikwa katika bajeti tangu siku ya kwanza. Tulifundishwa chuoni tungali wadogo kwamba mfanyakazi hulipwa kabla jasho lake halijakauka. Mtunzi wa muziki naye ni mfanyakazi.