Ragbi ya Watu 13: Mtoto Akiitwa na Timu ya Taifa, Nani Analipa Siku za Kazi?



Hapa Lubumbashi ukisema "mpira", kila mtu anawaza TP Mazembe. Ragbi bado ni mchezo wa wachache. Lakini watoto wetu wanauona kwenye televisheni na kwenye simu, na siku mmoja wao atakapotuambia amechaguliwa kwenda kucheza inchi nyingine, ni vizuri tujue la kumuuliza.

Ragbi ziko mbili: ya watu 15 na ya watu 13. Ile ya 13 ilizaliwa kwa sababu ya mshahara. Kaskazini mwa Uingereza, wachezaji wengi walikuwa wachimbaji wa makaa ya mawe na wafanyakazi wa viwanda. Aliyeacha kazi Jumamosi ili acheze alikatwa pesa. Vilabu vyao viliomba ruhusa ya kuwalipa siku hiyo, wakubwa wa mchezo wakakataa. Tarehe 29 Agosti 1895, katika hoteli ya George mjini Huddersfield, vilabu hivyo vikajitenga. Mwaka 1906 vikapunguza wachezaji kutoka 15 hadi 13. Sisi wa mji wa shaba tunaelewa haraka: mshahara ukipunguka, ni mama anayeona sufuria ya bukari imepunguka.

Mchezo wenyewe si mgumu kufuata. Timu yenye mpira inaweza kuangushwa mara sita tu, kisha inauacha kwa wenzao. Kuweka mpira chini nyuma ya mstari wa wapinzani ni pointi 4, na kuupiga kati ya nguzo baada ya hapo kunaongeza 2. Mechi inachukua dakika 80.

Katika Afrika, michuano yake ni midogo. Mwezi wa Oktoba 2019, timu nne za taifa zilikutana Lagos: Nigeria, Ghana, Kameruni na Moroko. Zilicheza nusu fainali, wakapumzika siku chache, kisha fainali. Nigeria, wenyeji, waliishinda Moroko na kuchukua kikombe. Yote yaliisha ndani ya juma moja.

Lakini mlango mdogo unaweza kufungua nyumba kubwa. Mwaka 2015, Lebanoni ilikwenda Afrika Kusini kutafuta nafasi ya Kombe la Dunia la 2017. Ilishinda mechi zote mbili. Katika Kombe lenyewe ilifika robo fainali na kushindwa na Tonga kwa pointi mbili tu, 24 kwa 22. Wengi wa wachezaji wake walizaliwa Australia katika jamaa za Walebanoni. Sheria inaruhusu: mtu anaweza kuchezea inchi ya mzazi wake au ya nkambo wake, hata upande wa mama.

Na binti zetu? Kombe la Dunia la wanawake lilichezwa Uingereza mwezi wa Novemba 2022, pamoja na lile la wanaume na lile la wanaocheza kwenye viti vya magurudumu. Timu nane za wanawake zilikuwepo, na hakuna hata moja iliyotoka Afrika. Kwa hiyo michuano midogo ya kufuzu ni ya lazima: bila ngazi ya kwanza hakuna anayefika juu.

Basi, kabla ya kutia sahihi ruhusa ya mtoto, tuulize:

– Nani analipa safari, chakula na hati ya kusafiria? Kama jibu ni "jamaa itachanga", tujue ni kiasi gani kabla hatujagusa pesa za likelemba.

– Kama anafanya kazi, nani anarudisha mshahara wa siku atakazokosa? Kama anasoma, masomo yake yatamngoja namna gani?

– Kuna munganga uwanjani? Kuna mtu mzima mwanamke anayesafiri na wasichana?

– Wamefundishwa kumwangusha mwenzao bila kugusa shingo na kichwa? Wana kinga ya meno?

La kichwa tusilicheze. Mtoto akigongwa kisha akalalamika kichwa, akatapika, akachanganyikiwa au akayumba, atoke uwanjani na asirudi siku ile, hata kocha akisema "ni kidogo tu". Akizidi kusinzia au kutapika, apelekwe hospitali mara moja.

Maswali haya si ya kumzuia mtoto. Wale wachimbaji wa 1895 waliupenda mchezo wao. Walikataa tu nyumba zao zilale njaa kwa ajili yake. Katika mkutano ujao wa kikundi, tuyasome pamoja na kila mmoja aongeze swali lake. Baba nao wakaribishwe.